Kathini na Yordani ya Mchanga

Ukimwuliza Kathini anafanya kazi gani, atakwambia anatembeza watu. Mara ya kwanza kusikia hivyo nilicheka hadi nikamwaga chai ya mteja. Watu wa Kitui wana miguu yao, nikamwambia, na tangu lini mtu akaonyeshwa ukuta wa bucha kama anayeonyeshwa ndovu? Kathini si mtu wa kukatishwa tamaa na mwenye hoteli. Alimaliza chapati yake, akakaza kitambaa kichwani, akaenda kuwapokea wageni wake. Mchana walirudi kwangu wote, vumbi hadi magotini, njaa imewashika, wakibishana kwa sauti ya juu kuhusu ng'ombe mmoja wa kuchorwa. Nilipakua madondo nikiwasikiliza, na kusema kweli niliona wivu.

Mimi ni Wanjiro, ila hapa mjini hakuna anayeniita hivyo. Mimi ni Mama Shiru. Nilizaliwa Murang'a, nikaolewa na Kihara, tukauza chakula katika mji mdogo wa Salama kando ya barabara ya Mombasa mpaka mapafu yangu yakachoka na moshi wa malori, ndipo tukahamia Kitui. Nasema haya mapema ili ujue kwamba mimi nililelewa karibu na mito inayopiga kelele usiku kucha. Bila kulijua hilo, hutaelewa kwa nini niliona kitu kimoja na mji mzima ukaona kingine.

Sasa Kathini. Ni mwanamke wa miaka arobaini na kitu, mrefu, mwembamba, anayetembea kila siku kana kwamba amechelewa. Kwao ni mbali, huko kusini kupita Mutomo. Alikuja mjini msichana, akaishi kwa shangazi yake, akauza mitumba sokoni, na kila Jumamosi akawa anafagia kanisa letu lililo nyuma ya soko. Hakusomea sanaa popote. Alichokuwa nacho ni macho yasiyotulia na mdomo usiotulia, na kibanda kilichotazamana na ukuta wa kinyozi. Siku nzima alikuwa akiangalia vile vichwa vilivyochorwa pale, na ndiye aliyenifungua macho kwamba mchoraji wake hakujua kuchora masikio, ndiyo maana kila kichwa kimevalishwa kofia.

Kazi ya kutembeza ilianza kwa bahati tu. Vijana wawili walikuja kutoka Nairobi wakitafuta Kitui ya zamani. Mji wetu ni mkongwe, misafara ya Wakamba ilipita huku na pembe za ndovu kabla ya serikali yoyote kujenga ofisi, na yale maduka ya Wahindi bado yana miaka yao imeandikwa kwenye paji la uso. Kathini akajitolea kuwaonyesha. Lakini hakuweza kupita ukuta wowote bila kusimama. Hapa angalieni simba wa yule fundi wa magodoro, ana kucha za binadamu. Hapa angalieni msichana ambaye mtu alimchora juu ya tangi la maji na hakuna anayejua ni nani. Wale vijana walirudi Nairobi na picha za kuta kibao na duka moja tu la Mhindi. Wakaambia wenzao, na wenzao wakaja. Leo ukitaka kutembea na Kathini Jumamosi lazima umpigie simu mapema, na mwenyewe anajisikia, wacha nisiseme uongo.

Ana kanuni moja. Mbele ya ukuta hakuna kuuliza maana yake ni nini. Kila anayesimama pale lazima aseme anachokiona, hata kama ni punda tu, na asipokuwa na la kusema anasubiriwa. Nasikia kuna wanaume wazima waliosubiriwa hadi jasho likawatoka.

Matembezi yote yalikuwa yanaishia kanisani, kwenye ukuta ambao Kathini aliupenda kuliko kuta zote. Ulichorwa na Nthiwa, yule mwandishi wa mabango ambaye nusu ya maduka ya mji huu yana herufi zake. Kanisa lilikuwa limejenga kidimbwi cha saruji cha kubatizia watu, na mchungaji wa wakati huo akataka nyuma yake uchorwe Mto Yordani. Nthiwa ni mtu mpole, wa maneno machache. Aliuliza huo mto ukoje. Akaambiwa ni mto, chora mto. Basi akachora mto. Alichora mchanga mpana uliopinda kutoka ukuta mmoja hadi mwingine, mwamba mkubwa kwenye kona, punda wawili, mitungi ya plastiki ya manjano, na wanawake watatu wakichimba mchanga kutafuta maji. Hakukuwa na tone la samawati popote.

Na kanisa zima likafurahi. Hilo ndilo lililonishangaza. Wazee walimpongeza Nthiwa, akina mama wakapiga vigelegele, watu wakabatizwa mbele ya ule mchanga miaka miwili na hakuna aliyeona kasoro. Mimi nilimnong'oneza Kihara kwamba mto usio na maji kwetu unaitwa barabara. Kihara akaniambia ninyamaze, tumekuja kuabudu.

Kisha mwaka huu akaja askofu mgeni, mtu wa huko Ziwa Viktoria, mnyenyekevu kabisa. Baada ya ibada akamwuliza Mzee Mulinge, mwenyekiti wa kamati ya ujenzi, kwa nini wamechora jangwa nyuma ya maji ya ubatizo. Mzee Mulinge akamjibu kwamba si jangwa, ni Yordani. Askofu akauliza maji yako wapi.

Mzee Mulinge ana duka la mbegu na dawa za mifugo, na sijawahi kumwona akikosa jibu. Siku hiyo alikosa. Aibu ikawashika wazee wote kwa mpigo, ghafla wakauona ule mchanga kwa macho ya mgeni, na kabla ya wiki kuisha kamati ilikuwa imeketi na kupitisha kwamba Yordani itiwe maji. Rangi ya samawati ikanunuliwa, mkebe mkubwa. Askofu angerudi Jumapili fulani kubatiza, kwa hiyo Nthiwa angepaka Jumamosi ya kuamkia siku hiyo, mchanga wote, kutoka ukuta hadi ukuta. Nthiwa hakubisha. Alisema kazi ni kazi, alichora na atafuta.

Kathini alikuja kwangu asubuhi aliyosikia habari hiyo, akakaa bila kuagiza kitu. Alikuwa amemwendea Mzee Mulinge, amemwomba, amemkumbusha kwamba hata siku Waisraeli walipovuka, Yordani ilikauka. Mzee akamjibu kwamba waliovuka siku hiyo hawakubatizwa. Nikamwuliza, kwa nia njema, kama haoni kwamba ukuta utapendeza na maji kidogo. Aliniangalia hadi nikajutia swali.

"Mama Shiru, yule mama wa tatu, yule ameinama ndani ya shimo. Unaona mgongo tu, sivyo?"

Nikakubali.

"Mimi nilimjua mama yangu kwa mgongo. Nikiwa mtoto, kila siku ni kungoja juu na mtungi, yeye yuko chini anachota. Alikufa nikiwa huku mjini, na picha yake hatuna. Hii miaka miwili yote nikifagia hapo kanisani, ni yeye nilikuwa naona. Wakipaka hiyo rangi, kutembeza watu nitaacha. Sina mahali pa kuwapeleka."

Nilimletea chai, ikapoa mezani.

Ikawa kwamba Jumamosi ile ile alikuwa na wageni ambao ni mimi niliyemletea, chama cha akina mama wafanyabiashara wa Salama, majirani zangu wa zamani. Wengine ni Wakamba wa Makueni, wengine ni wa upande wetu wa Murang'a na Nyeri, wote wana sauti za kuuzia machungwa kwenye madirisha ya mabasi. Kiongozi wao ni Ndululu, mwanamke mnene mwenye kicheko cha kuamsha mtaa. Kathini angeweza kuahirisha. Alikataa. Alisema kama ni mara ya mwisho, basi iwe na watu wengi, na akaniambia nifunge hoteli niende nao. Nilifunga. Sijawahi kufunga hoteli Jumamosi hata siku moja, na niliponing'iniza kufuli nilijiona kama mtoto anayetoroka shule.

Na jamani, nilifurahi. Nimeishi mji huu miaka yote hii na sikuwa nimeuona. Tulianzia bucha, kwa yule ng'ombe aliyesimama kwa miguu miwili akiwa ameshika kisu na kutabasamu. Mmoja akasema anaona ng'ombe, mwingine akasema anaona muuzaji, Ndululu akasema anaona mjane aliyerithi biashara, tukacheka hadi mwenye bucha akatoka kuuliza tunamcheka nani. Tukaenda kwa mafundi wa jua kali kuona mbuni aliyeungwa kwa minyororo ya pikipiki na sufuria zilizotoboka. Kwenye nguzo za duka moja kuukuu la Kihindi, kijana fulani alikuwa amechora wanawake wanaopima ndengu, kila nguzo mmoja, na ukitembea haraka unaona mkono wa kupimia ukishuka. Kathini alitutembeza haraka, akaturudisha, akatutembeza tena. Tulikimbia pale kibarazani, wanawake wazima na vikapu vyetu, watu wakisimama kutuangalia, na hakuna aliyejali. Miguu iliniuma na sikutaka matembezi yaishe.

Lakini kila tulipopinda kona, Kathini alikuwa anapunguza maneno. Tulipofika mlango wa kanisa alikuwa ameacha kuongea kabisa.

Ndani, ngazi ilikuwa imeshaegemezwa ukutani. Nthiwa alikuwa amechuchumaa akikoroga rangi kwa kijiti, na Mzee Mulinge amemsimamia na bakora, koti limefungwa vifungo vyote. Kathini aliamkia kwa heshima, akaomba wageni wake waangalie kwanza. Mzee hakuwa mkali. Alisema waangalie tu, ila wajue mkebe umeshafunguliwa.

Basi tukasimama. Akina mama wakaanza kusema walichokiona, mmoja mmoja, kwa sauti za chini maana ni kanisani. Punda wawili. Mitungi. Mtoto mgongoni. Mwamba. Walipomaliza, Kathini akageuka.

"Na wewe, Mzee? Anayesimama hapa lazima aseme."

"Mimi naona mchanga," akasema Mzee Mulinge. "Hiyo ndiyo imetuleta."

Nilidhani mambo yameishia hapo. Nthiwa aliinuka na brashi yake, akapanda ngazi. Mkono wa Kathini ulinishika kwa nguvu, na mimi nikafumba macho kwa sababu sikutaka kuona brashi ikigusa ukuta. Ndipo nikasikia sauti ya Ndululu.

"Lakini huyu mama amechimba mahali mbaya."

Nikafumbua. Ndululu alikuwa amesogea hadi ukingo wa kidimbwi, mikono kiunoni, akimwangalia yule mwanamke wa tatu kwa huruma. Alieleza kwamba pale katikati maji yako mbali, mtu atachimba hadi azikwe na mchanga. Angekwenda pale mto unapopinda, chini ya mwamba. Mwenzake mmoja, mzaliwa wa karibu na Kiboko, akamkatiza na kusema asidanganye watu, maji ya mwamba yana chumvi, hata punda huyakataa. Ndululu akamwambia kwao Kiboko hata mvua ina chumvi. Wakaanza kubishana, na wengine wakaingia, sauti za kanisani zikasahaulika, sasa ni zile za machungwa.

Mzee Mulinge alivumilia kwa muda. Nilimwona akivumilia. Alihamisha bakora kutoka mkono huu hadi ule, akakohoa, akaangalia dari. Halafu ikamshinda.

"Chumvi ni ya huko kwenu Makueni," akasema. "Maji ya mwamba huku kwetu ni tamu. Na huyu mwenzako naye amekosea mahali." Alinyoosha bakora akapita mbele ya Ndululu, akagusa ukuta penyewe. "Hapa, chini ya mwamba lakini upande wa kivuli. Ukichimba hapa, mkono haujafika kiwiko, maji imetoka."

Ndululu akauliza kama ni hata wakati wa kiangazi kikali. Mzee akasema hata wakati huo, yeye amekunywa hapo. Nthiwa, ambaye siku zote huongea kama anayelipia maneno, akashuka ngazi na kusema kwamba aliwaza kuchora shimo pale kwenye mwamba lakini punda hawafiki, kuna mteremko. Mzee akamwambia punda angoje juu, anayeshuka ni mtu. Nthiwa akasema mtungi ukijaa nani ataupandisha. Wakawa wamesimama pua kwa pua, brashi na bakora, wakigombana juu ya mteremko ambao haupo duniani.

Nami nilikuwa nimechanganyikiwa kabisa. Nilikuwa nikiangalia ukuta, nikiwaangalia wao, nikiangalia ukuta, na swali likanitoka kabla sijalipima.

"Kwani hapo kuna maji?"

Wote wakanigeukia. Ndululu aliniangalia kama mtu anayemwangalia mgonjwa.

"Mama Shiru, si ni mto? Mto utakosaje maji?"

Niliona maneno hayo yakimfikia Mzee Mulinge. Bakora yake ilikuwa bado ukutani, upande wa kivuli. Aliishusha polepole, akauangalia mkebe wa samawati, akauangalia mchanga, akarudi nyuma hadi kwenye kiti cha mbele na kuketi.

"Askofu aliniuliza maji iko wapi," akasema. "Nikakosa jibu. Na jibu nilikuwa nalo."

Kathini alikuwa bado amenishika mkono. Nilidhani ataanza kulia, au kumshukuru, na angeliharibu jambo, kwa sababu Mzee alikuwa tayari anatikisa kichwa na kusema kwamba hata hivyo kamati imepitisha, imeandikwa, na yeye ni mwenyekiti, hawezi kurudi kwa wazee na kuwaambia hakufanya walichomtuma. Yordani lazima itiwe maji. Lakini Kathini akaniachilia, akaenda akasimama mbele yake.

"Basi itiwe, Mzee. Itiwe pale umeonyesha."

Mzee alimwangalia kwa muda mrefu. Kisha akaanza kucheka, kicheko cha ndani, mabega tu ndiyo yanatikisika, na Ndululu akadakia kwa kile chake, na kanisa zima likajaa kelele. Nilikuwa nikicheka na machozi yananitoka, sijui kwa nini, mimi ambaye ukuta wenyewe nilikuwa nimeuita barabara.

Usidhani kazi ilikwenda haraka. Ilibidi Nthiwa achore shimo chini ya mwamba, upande wa kivuli, na njia ndogo ya kushukia, na kila mama wa Salama alikuwa na maoni kuhusu ile njia. Yule wa tatu aliachwa pale pale alipoinama. Ndululu alitaka asogezwe, Kathini akasema hapana, huyo ana kichwa kigumu na hatasogea, akacheka peke yake. Ugomvi mkubwa ulikuja kwenye rangi ya maji. Nthiwa alisema maji ya mchangani si samawati hata kidogo, yana rangi ya chai ya hoteli ya bei rahisi, akaniangalia. Mzee akasema kamati ilinunua samawati na samawati itaingia. Mwisho walipatana. Nthiwa alichovya ncha ya brashi kwenye ule mkebe mkubwa, akachanganya na kahawia, akatia ndani ya shimo doa moja lisilozidi sahani ya kikombe. Mkebe ukafungwa ukiwa umejaa vile vile.

Jumapili askofu alikuja. Kanisa lilijaa hadi madirishani, na hata akina mama wawili wa Salama walikuwa wamelala kwangu ili waone mwisho wake. Kathini aliketi karibu nami. Alikuwa na hofu kwamba askofu ataukataa ukuta mbele ya watu wote, na baada ya hapo hakuna mzee ambaye angethubutu kuutetea. Hata mimi nilikuwa na hofu hiyo. Kabla ya ubatizo Mzee Mulinge aliinuka bila kuitwa.

"Baba Askofu, uliuliza maji iko wapi," akasema. "Kamati iliagiza itiwe. Imetiwa." Akanyoosha bakora.

Askofu alivaa miwani, akasogea hadi ukingoni, akainama juu ya kidimbwi. Alitafuta. Nadhani kila Mkamba mle ndani alikuwa akimwelekeza kimoyomoyo, kushoto kidogo, chini ya mwamba, kwenye kivuli. Alipoliona lile doa alikaa akiliangalia.

"Ni hii tu?" akauliza.

"Hapana. Hiyo ni ile tumefungua," akasema Mzee. "Ile ingine yote iko chini, kutoka ukuta huu mpaka ule."

Askofu akauangalia mchanga upya, wote, kutoka upande mmoja hadi mwingine, pole pole. Kisha akakunja kanzu yake, akavua viatu, akaviweka kando ya kidimbwi na kuingia majini. Kathini alisema amina kwa sauti kubwa kabla sala haijaanza, na kanisa zima likamfuata.